Batian, kilele halisi cha Mlima Kenya: majina, historia na njia zake

MwambaMkavu (mwanzilishi wa uzi)

Wadau, mara kwa mara mtu huandika kwamba amefika kilele cha Mlima Kenya, na picha inaonyesha kibao cha Point Lenana. Lenana ni mafanikio, na si haki kumbeza aliyefika pale akihema. Lakini kilele cha mlima huu ni Batian, mita 5,199. Anayemfuata ni pacha wake, Nelion, mita 5,188. Lenana ni wa tatu, mita 4,985. Uzi huu ni wa hao wawili wa juu: walivyo, walivyopewa majina, waliowapanda, na namna ya kuwapanda leo bila kujiua.

Mlima uko kilomita 150 hivi kaskazini-mashariki mwa Nairobi, chini kidogo tu ya mstari wa ikweta. Ni volkano iliyozimika zaidi ya miaka milioni 2 iliyopita. Ncha yake ya zamani, ambayo huenda ilizidi mita 6,000, imeliwa na barafu na mvua. Tunachokiona ni koo la volkano: magma iliyogandia ndani ya bomba, kisha kuta laini zilizoizunguka zikamomonyoka. Ndiyo maana Batian na Nelion ni jiwe la sayenaiti, gumu, lenye chembe kubwa zinazoshika soli vizuri. Lenana na vilele vingi vidogo ni lava, na lava huvunjika. Kati ya Batian na Nelion kuna pengo liitwalo Gate of the Mists. Toka ncha hadi ncha ni kama mita 140 tu, lakini mita hizo huchukua saa nyingi.

Jambo moja tulishike kabla ya mengine yote. Anayetaka kuuelewa mlima huu aanze na jua. Kwa kuwa uko karibu kabisa na ikweta, toka mwishoni mwa Machi hadi Septemba jua linapita kaskazini mwake. Uso wa kaskazini unakauka, uso wa kusini unafungwa na barafu. Toka mwishoni mwa Septemba hadi Machi mambo yanageuka. Kwa hiyo kiangazi na kipupwe viko mlimani kwa wakati mmoja, kila kimoja upande wake. Ongeza masika (mwishoni mwa Machi hadi Mei) na vuli (Oktoba hadi katikati ya Desemba), ambazo huchafua pande zote mbili, ndipo unabaki na misimu miwili: kusini mwishoni mwa Desemba hadi mwanzoni mwa Machi, kaskazini mwishoni mwa Juni hadi mwanzoni mwa Oktoba. Karibu kila kilichowahi kufanikiwa au kushindikana pale juu kinaeleweka ukiangalia kwanza tarehe.

---

BintiNanyuki

Asante kwa uzi, MwambaMkavu. Swali la wengi: toka Lenana hadi Batian tofauti ni mita 214 tu. Mtu mwenye nguvu zake aliyefika Lenana saa kumi na mbili asubuhi, kwa nini asiendelee tu?

---

KambaMbili

Dada, kwa sababu Lenana haiendelei kwenda Batian. Kati yao kuna bonde la barafuto (mto wa barafu) ya Lewis. Ukitoka Lenana unashuka hadi usawa wa kibanda cha Austrian Hut (mita 4,790), unavuka bonde, ndipo unafika kwenye kitako cha uso wa kusini-mashariki wa Nelion. Hapo mbele yako pana ukuta wa karibu mita 400, na haupandwi kwa miguu peke yake. Ni kupanda mwamba kwa kamba, daraja la IV katika vipimo vya milima, na sehemu kadhaa zinazidi hapo kidogo. Utafunga nanga (mahali pa kushikiza kamba kwenye mwamba) na kupokezana kamba mara 15 hadi 20 kabla ya kufika juu, kisha ushuke kwa kamba njia nzima.

Lenana, kwa upande wa Austrian Hut, ina hata vyuma na nyaya zilizofungwa kwenye mwamba karibu na juu. Batian haina kitu cha namna hiyo. Mtembeaji hodari asiyejua kushuka kwa kamba hana njia ya kurudi, hata kama amepata njia ya kupanda.

---

RamaniZaKale

Niingie kwenye majina, maana hapa huwa kuna mkanganyiko.

Jina la mlima na majina ya vilele yana asili tofauti. Wagĩkũyũ wanauita Kĩrĩnyaga, Wakamba Kĩ Nyaa, Wamaasai Ol Donyo Keri. Mmisionari Mjerumani Johann Ludwig Krapf aliuona akiwa Kitui tarehe 3 Desemba 1849, akiwa mgeni wa Kivoi, kiongozi wa Wakamba na mfanyabiashara mkubwa wa misafara ya kwenda pwani. Jina alilolichukua ni la wenyeji wake Wakamba, nalo ndilo lililoandikwa Kenya, kisha likapewa koloni na mwishowe nchi. Wanajiografia wa Ulaya walimbishia miaka mingi kwamba theluji haiwezi kuwa kwenye ikweta. Joseph Thomson akaja kuuona kutoka Laikipia mwaka 1883, na ubishi ukaisha.

Majina ya vilele yalitolewa na Halford Mackinder, mwanajiografia Mwingereza, mwaka 1899, kwa ushauri wa Sidney Hinde, ofisa wa Uingereza aliyekuwa amehudumu katika nchi ya Wamaasai. Batian ni Mbatian, laibon (kiongozi wa kiroho) mkuu wa Wamaasai aliyefariki karibu mwaka 1890. Nelion ni Nelieng, ndugu yake. Lenana ni Olonana, mwanawe. Kaskazini zaidi kuna Sendeyo na Tereri. Sendeyo ni Senteu, mwana mwingine wa Mbatian, aliyegombea ulaibon na Olonana hadi Wamaasai wakagawanyika. Ukisimama Lenana ukatazama kaskazini unaona kilele cha yule ndugu aliyeshindwa, kimewekwa mbali na vya jamaa zake.

Kwa hiyo ni majina ya watu wa hapa yaliyowekwa na mgeni. Mbatian hakuwahi kuwa na madai juu ya ncha ile, na jamii zinazoishi kwenye miteremko ya mlima, Wagĩkũyũ, Waembu, Wameru, hazikushauriwa. Nadhani ni haki kulisema hilo kila tunapoyataja, kwa sababu watoto shuleni hukariri kana kwamba majina yalikuwepo tangu zamani. Barafuto nazo ziligawiwa wanasayansi wa kigeni: Lewis, Tyndall, Darwin. Cesar na Josef ni waelekezi wa Mackinder.

---

MwambaMkavu

Ahsante, mzee. Niendelee na historia ya kupanda, na tuangalie tarehe kama nilivyosema.

Count Teleki alipanda miteremko ya kusini-magharibi mwaka 1887, akapita msitu na mianzi na kufika juu ya mita 4,000. John Walter Gregory, mwanajiolojia, alifika kwenye barafuto ya Lewis mwaka 1893. Kisha akaja Mackinder. Aliondoka Nairobi mwishoni mwa Julai 1899 katika msafara wa Wazungu 6 (yeye akiwemo), Waswahili 66, Wagĩkũyũ 96 na waelekezi 2 Wamaasai. Ulikuwa mwaka wa njaa kali katika nchi ya Wagĩkũyũ, chakula cha msafara hakikupatikana, na wapagazi wawili Waswahili waliuawa walipotumwa kukitafuta. Hao nao ni sehemu ya gharama ya ule upandaji wa kwanza, ingawa hakuna barafuto inayobeba majina yao.

Mackinder na waelekezi wake wa Alps, César Ollier na Joseph Brocherel, walifika juu ya Batian tarehe 13 Septemba 1899. Walilala kwenye miamba, asubuhi wakavuka barafuto inayoning'inia chini ya Gate of the Mists. Barafu ilikuwa ngumu kiasi kwamba kukata ngazi kwa shoka, kipande kifupi tu, kuliwachukua kama saa tatu, na barafuto ikapewa jina Diamond. Sasa tazama mwezi: Septemba, upande wa kusini, baada ya miezi mitano bila jua la kulainisha. Hawangeweza kukuta kitu kingine. Lakini barafu hiyohiyo ndiyo iliyokuwa daraja lao. Januari wangekuta mwamba.

Kwa karibu miaka 30 baada ya hapo hakuna aliyefika tena. Tarehe 6 Januari 1929 Eric Shipton, kijana wa miaka 21, na Percy Wyn-Harris walipanda uso wa kusini-mashariki ukiwa mkavu, wakawa wa kwanza juu ya Nelion, wakavuka hadi Batian. Siku mbili baadaye walirudia wakiwa na Gustav Sommerfelt. Mwaka 1930 Shipton alirudi na H. W. Tilman, wakapanda Batian kwa mgongo wa magharibi, wakavuka hadi Nelion na kushuka upande wa pili. Una Cameron akawa mwanamke wa kwanza juu ya Batian mwaka 1938, pamoja na waelekezi wawili wa Alps. Arthur Firmin na mwenzake Hicks wakafungua uso wa kaskazini mwishoni mwa Julai 1944. Januari kusini, Julai kaskazini. Hakuna bahati hapo.

Mwaka 1943 wafungwa wa vita watatu Waitaliano walitoroka kambi ya Nanyuki kwenda kupanda mlima, wakiwa na mchoro wa mlima waliouona kwenye karatasi ya mkebe wa nyama. Felice Benuzzi na Giovanni Balletto walijaribu Batian kwa upande wa kaskazini-magharibi mwanzoni mwa Februari, wakarudishwa na dhoruba ya theluji, wakaishia Lenana na kusimika bendera yao, kisha wakarudi wenyewe kambini. Ujasiri wao haukuwa na kasoro. Msimu ndio ulikuwa wa upande mwingine.

Kisoi Munyao alipanda Batian mwaka 1959, Mwafrika wa kwanza kufanya hivyo. Ndiye aliyechaguliwa kupandisha bendera ya Kenya mlimani wakati wa uhuru, Desemba 1963.

---

LobeliaKubwa

Usisahau Howell Hut, mkuu. Ni kibanda kidogo cha bati juu ya Nelion kabisa, kilichowekwa na Ian Howell mwaka 1970. Vipande viliangushwa kwa ndege kwenye barafuto ya Lewis, yeye akavibeba mgongoni hadi juu, akipanda peke yake mara 13. Ndani huwezi kusimama, unatambaa. Wameokoka watu wengi mle.

Na Diamond Couloir: ilipandwa kwa mara ya kwanza Oktoba 1973 na Phil Snyder, mkuu wa hifadhi wakati huo, na Thumbi Mathenge, askari wa hifadhi. Januari 1975 Yvon Chouinard na Mike Covington wakanyoosha njia ya juu moja kwa moja. Lilikuwa korongo la barafu lililosifiwa duniani kote.

---

Msafiri_254

Wakuu, mimi likizo yangu ni Agosti na haisogei. Nimepanda mwamba Hell's Gate na Lukenya, naongoza daraja la V bila shida. Nataka Nelion kwa sababu naambiwa ndiyo njia ya kawaida. Itafaa?

---

KambaMbili

Ndugu, Agosti achana na Nelion ya kusini-mashariki. Nyufa utakazotaka kutia mikono zitakuwa zimejaa barafu, vibaraza vya kusimama vimefunikwa theluji, na utapanda na viatu vizito mahali ambapo wenzako wa Januari wanavaa raba za mwamba. Watu hufanya, lakini hiyo ni kazi nyingine kabisa. Agosti nenda kaskazini: North Face Standard Route, moja kwa moja hadi Batian.

Uelewe kwamba ni njia ndefu kuliko ya Nelion. Kituo ni Shipton's Camp, mita 4,200 hivi, kwa hiyo unaanzia chini zaidi, na mwendo wa gizani hadi kwenye mwamba ni mrefu. Kupokezana kamba kunafika mara 20. Sehemu ya chini ni makorongo na nyufa. Katikati kuna Amphitheatre, eneo la vibaraza na changarawe ambapo watu hufungua kamba kwa sababu ni rahisi. Hapo ndipo wanapopotea njia, na hapo ndipo mawe yanapigwa teke na kuwaangukia walio chini. Juu ya Amphitheatre kuna Firmin's Tower, sehemu ngumu kuliko zote. Kisha Shipton's Notch, kisha mgongo hadi kileleni. Wasioijua njia wengi hulala juu, kwa hiyo ingia ukiwa umejiandaa kulala: mfuko wa kulalia mwepesi, mfuko wa kujikinga upepo, jiko dogo. Uso ukiwa mkavu hakuna maji hata tone. Lita 3 kwa mtu ni kiwango cha chini.

Karibu na mgongo wa juu mawe makubwa hayajashikamana. Septemba 1970 daktari wa Austria alianguka karibu na kilele cha Batian baada ya jiwe kubwa kung'oka, akavunjika mguu. Kumshusha kulichukua zaidi ya wiki, na rubani wa helikopta iliyokuja kusaidia alikufa ilipoanguka. Kabla ya kuweka kamba nyuma ya jiwe lolote pale, lipige kwa kiganja na usikilize. Lililoshikamana halitoi sauti ya utupu.

---

MwambaMkavu

Niongeze kwa nini mawe yanang'oka, maana watu hudhani ni uzee wa mlima. Kwenye milima ya kaskazini ya dunia maji kwenye nyufa huganda majira ya baridi na kuyeyuka majira ya joto. Hapa huganda kila usiku na kuyeyuka kila mchana. Maji yakiganda yanatanuka karibu asilimia 9, yanasukuma ufa. Asubuhi yanayeyuka, yanazama ndani zaidi. Usiku yanasukuma tena. Mahali ambapo barafu ya kudumu ilikuwa inashika mawe kama saruji sasa pamebaki wazi. Kipande ambacho kitabu cha zamani kinasema ni imara kipime upya.

---

BintiNanyuki

Naomba basi mtueleze Nelion ya Januari hatua kwa hatua, kwa anayekwenda na kiongozi mwenye ujuzi.

---

KambaMbili

Sawa dada.

Lala Austrian Hut usiku mmoja, afadhali miwili. Amka saa tisa usiku, uwe njiani saa kumi alfajiri. Hadi kwenye kitako cha mwamba ni kama saa moja. Jua linachomoza kwenye saa kumi na mbili unusu. Wakati huo unatakiwa uwe tayari umefunga kamba. Uso unapata jua la asubuhi mapema, ndiyo raha ya njia hii, lakini mawingu huja adhuhuri karibu kila siku, na saa nane unaweza kuwa ndani ya ukungu na mvua ya mawe.

Njia inapita Rabbit Hole, One O'Clock Gully, Mackinder's Chimney (wengi huikwepa kwa Rickety Crack), kisha Baillie's Bivvy, kibanda kilichochakaa ambacho ni alama nzuri ya nusu ya safari. Hapo weka sheria yako: ikiwa saa tano asubuhi hujafika Baillie's, geuka. Juu yake kuna De Graaf's Variation, ukuta mgumu unaopita kando ya nguzo ya mwamba iitwayo Mackinder's Gendarme, na baada ya hapo ugumu unapungua hadi juu. Walio wazuri huchukua saa 5 hadi 7 kupanda.

Kosa la kawaida kuliko yote: kufuata kamba kuukuu zinazoning'inia. Nyingi ni za watu waliopotea wakajishusha. Hazionyeshi njia, zinaonyesha pale mtu alipokata tamaa.

Vifaa kwa watu wawili: kamba mbili za mita 50 au 60. Kamba moja inatosha kupanda, lakini dhoruba ikija katikati unataka kushuka urefu kamili. Vyuma vya kusokomeza kwenye nyufa, seti moja, na kamu (vyuma vinavyotanuka ndani ya ufa) 5 au 6 za ukubwa wa kidole hadi ngumi. Vitanzi virefu 8 vya sentimita 120, kwa sababu njia inapinda na kamba isiporefushwa inakaba hadi kiongozi hawezi kuivuta. Helmeti, hakuna mjadala. Kamba nyembamba ya milimita 6 au 7, mita 10 hivi, na kisu: hiyo ni ya kubadilishia vitanzi vilivyochoka kwenye nanga za kushukia. Jua la ikweta kwenye mwinuko ule linaua nailoni haraka. Kitanzi kilichopauka na kukakamaa kama kamba ya katani usikiamini, hata kiwe na vyuma vizuri. Mabolti yapo kwenye sehemu nyingi za kushukia, ila kila nanga ikague kwa macho na kwa mkono.

Kushuka ni saa 4 hadi 6. Funga fundo mwishoni mwa kamba kila mara, bila kuacha hata moja. Kabla mtu wa mwisho hajashuka, wa kwanza avute kamba nusu mita kuona kama inatembea. Kamba ikinasa mkiwa wote chini, giza linaingia, na ikweta haina jioni ndefu: saa moja unusu usiku ni giza totoro.

---

Msafiri_254

Asante sana, kaskazini basi. Na je, mtu akifika Nelion mapema Januari, kwa nini wengi hawaendi Batian wakati ni mita 140?

---

MwambaMkavu

Kwa sababu ya kurudi. Kutoka Nelion unashuka kwa kamba hadi Gate of the Mists, kisha unapanda Batian upande wa pili. Ukivuta kamba yako chini umejifungia: njia ya kurudi ni kupanda tena Nelion kwa upande wenye kivuli. Lango lenyewe huwa na barafu hata Januari, kwa hiyo unahitaji krampuni nyepesi (meno ya chuma ya kufunga chini ya viatu) na shoka moja kwa kila mtu, vitu ambavyo umevibeba ukuta mzima kwa ajili ya mita chache. Kwenda na kurudi si ajabu kuchukua saa 5. Hesabu ni rahisi: aliyefika Nelion saa saba mchana hana Batian siku hiyo. Anayeitaka kweli alale Howell Hut, avuke alfajiri barafu ikiwa ngumu, arudi Nelion kabla ya mawingu.

---

LobeliaKubwa

Kuhusu barafuto: vitabu vingi bado vinasema "vuka Lewis kwa krampuni". Msivifuate bila kuona. Barafuto ya Lewis imepimwa tangu mwaka 1934, na hadi 2010 ilikuwa imepoteza kama asilimia 90 ya ujazo wake. Ile iliyoitwa Gregory imekwisha. Kati ya zile 18 zilizohesabiwa karne ya kumi na tisa, zilizobaki ni chache na ni vipande. Pale palipokuwa na barafu ya kutembea sasa pana changarawe iliyolegea na mwamba uliosuguliwa laini, na kwa kuwa barafu imeshuka, mwanzo wa njia ya Nelion umekuwa mrefu kuliko michoro inavyoonyesha.

Diamond Couloir ndiyo huzuni kubwa. Sehemu ya chini haijengi barafu ya kuaminika tena. Njia ambayo wapanda barafu walivuka bahari kuja kuitafuta imekuwa mwamba mtupu wenye maji na mawe yanayoanguka. Mtu asiipange safari kwa picha za miaka ya 1970.

---

DawaYaMwinuko

Mmeongea mwamba, niongee mapafu. Hewa kwenye mita 5,199 ina msukumo wa nusu na kidogo ya ule wa pwani. Hatari ya mlima huu ni kwamba unafikika haraka mno: asubuhi Nairobi, jioni Met Station kwenye mita 3,050 kwa gari na mwendo mfupi, kesho yake Mackinder's Camp mita 4,200. Hapo ndipo mapafu hujaa maji kwa vijana wenye nguvu kuliko wote.

Kwa Batian panga siku 6 au 7. Usiku mmoja au miwili kwenye mita 3,000 na kitu, miwili kwenye 4,200, panda Lenana kwanza kama jaribio, ndipo uende kwenye mwamba. Kichwa kuuma kidogo ni kawaida. Kuyumba ukitembea mstari ulionyooka, kuchanganyikiwa, kukohoa povu, kuhema ukiwa umelala, hizo ni dalili za kushushwa saa hiyohiyo hata kama ni usiku wa manane. Dawa ya kuzuia muulize daktari kabla ya safari. Haichukui nafasi ya kushuka.

Na chakula: Austrian Hut maji huchemka kwenye nyuzi 84 hivi. Maharage hayaivi. Beba vinavyoiva kwa maji ya moto tu, na gesi ya kutosha, kwa sababu mara nyingi utayeyusha barafu kupata ya kunywa.

---

BintiNanyuki

Na taratibu za hifadhi?

---

RamaniZaKale

Mlima ni hifadhi ya taifa tangu 1949 na urithi wa dunia wa UNESCO tangu 1997, chini ya KWS (Shirika la Wanyamapori la Kenya). Malipo ni kwa mtandao kabla ya kufika, si taslimu langoni. Viwango hubadilika, kwa hiyo viangalie wiki unayokwenda. Mtu mmoja peke yake haruhusiwi kuingia kwenda juu. Langoni andika wazi kwamba mnakwenda kupanda kwa kamba, taja njia na siku ya kurudi, na mkitoka hakikisheni mmejiandikisha kutoka. Wasipoona sahihi yenu siku iliyotajwa, watu wataanza kupanda kuwatafuta.

Malango: Sirimon ndiyo njia nzuri ya kwenda Shipton's Camp, yaani kaskazini. Naro Moru ni fupi kwenda Austrian Hut, ila ina kinamasi cha mwinuko juu ya Met Station kinachonyonya miguu baada ya mvua. Chogoria inatoka mashariki, ndefu, yenye mandhari nzuri kuliko zote.

---

Msafiri_254

Sirimon basi. Swali la mwisho kwa KambaMbili: mkishuka uso wa kaskazini mnashukia njia ileile mliyopandia?

---

KambaMbili

Ileile, ndugu. Unapopanda, kila nanga ya kushukia unayoipita geuka uitazame kutoka juu na upige picha, kwa sababu ukirudi kwenye ukungu utaitafuta kwa upande huo. Toka Shipton's Notch hadi Amphitheatre shukeni kwa urefu mfupi mfupi, mita 25 kila mara. Ukitupa kamba ndefu pale inalala kwenye vibaraza na kuzoa mawe ukiivuta. Kwenye Amphitheatre fungeni kamba hata kama mmechoka na panaonekana rahisi. Giza likiwakuta hapo, kaeni. Kuna kibaraza cha kulala, na asubuhi ya Agosti upande ule jua linafika mapema.